Kufundisha miamba kwa mawe yenyewe: mwongozo kwa walimu wa darasa la sita hadi kidato cha pili

Mwanafunzi wa darasa la saba anaweza kutaja makundi matatu ya miamba bila kukosea. Mpe kokoto mkononi umuulize imetokea wapi, atanyamaza. Amefundishwa majina kabla ya kuona kitu chenye jina. Mwongozo huu unaanza na jiwe, unafuata na maswali ya jinsi lilivyotokea, na majina yanakuja mwishoni. Unahitaji vipindi vinne vya dakika 40 na vifaa ambavyo vingi vyake hupatikana sokoni au kwenye nyumba inayojengwa.

Majina yenyewe hutofautiana kitabu kwa kitabu. Hapa tunatumia miamba mgando kwa ile iliyoganda kutoka kwenye magma (mwamba ulioyeyuka chini ya ardhi) au lava (magma iliyotoka juu), miamba mashapo kwa ile iliyotokana na vitu vilivyotuama, na miamba geu kwa ile iliyobadilishwa na joto na mgandamizo ikiwa bado yabisi. Kama kitabu chenu kinasema igneasi, tabaka au metamofia, tumia hayo. La muhimu ni kutobadilisha katikati ya somo.

Mawe ya kutafuta

Kwa darasa la wanafunzi 40 hadi 50, gawa makundi ya watu watano au sita. Kila kundi lipate mawe manane ya ukubwa wa ngumi ya mtoto. Mawe manane yanayotofautiana waziwazi yanafundisha kuliko thelathini yanayofanana.

Mahali ulipo ndipo panapoamua utaanza na nini. Mwanza, Dodoma na Iringa graniti iko kila upande. Moshi, Arusha na Mbeya kuna basalti na mawe mengine ya volkano. Goma, mashariki mwa Kongo, na Musanze, Rwanda, kuta za nyumba nyingi zimejengwa kwa lava nyeusi yenye matundu, na huko Goma unaweza kuwaonyesha wanafunzi jiwe lenye mwaka wa kuzaliwa unaojulikana: lava ya Nyiragongo iliingia mjini Januari 2002, na volkano hiyo ikalipuka tena Mei 2021. Unguja, Mombasa, Kilwa na pwani yote kuna mawe ya matumbawe, yale yaliyojenga Mji Mkongwe. Milima ya Usambara, Pare na Uluguru ina naisi, mwamba geu wenye mistari ya rangi nyeusi na nyeupe. Nairobi na Juja mawe ya kujengea ya kijivu, yanayokatwa kwa mashine, ni majivu ya volkano yaliyoshikana, yaani tufu.

Usichokuwa nacho, nunua au omba. Wachonga mawe ya makaburi na mafundi wa meza za jikoni hutupa vipande vya graniti na marumaru. Ukiomba marumaru dukani, taja kwamba unataka jiwe la asili, vinginevyo utapewa kigae cha sakafuni kilichotoka kiwandani. Jiwe jepesi la kusugulia miguu linaweza kuwa pamisi, lava iliyojaa povu la gesi, lakini mengi yanayouzwa yametengenezwa. La kweli lina matundu ya ukubwa tofauti, mengi yamerefuka upande mmoja, na vipande vingi huelea majini. Makaa ya mawe, jiwe la mchanga na kipande cha kinyago cha mawe ya Kisii vinafaa kuongezwa. Hilo la Kisii litumie kwenye jaribio la ugumu tu, maana ni laini mno na historia yake ni ngumu kwa umri huu.

Ongeza waongo wawili: kipande cha zege na kipande cha tofali la kuchoma. Utaona faida yake baadaye. Wala usiokote mawe ndani ya hifadhi za taifa au maeneo ya mambo ya kale.

Uso mpya

Somo hili huharibika zaidi kwa sababu ya mawe machafu kuliko kwa sababu nyingine yoyote. Jiwe lililokaa juani na mvuani hufunikwa na gamba la kutu, ukungu na udongo. Basalti hugeuka kahawia, graniti hulegea na kuonekana kama jiwe la mchanga, na mwanafunzi anasoma gamba badala ya jiwe. Kila sampuli lazima iwe na upande mmoja uliovunjika upya.

Mwalimu peke yake avunje, nje ya darasa. Weka jiwe ndani ya kiroba kilichokunjwa mara mbili, vaa miwani ya fundi, piga kwa nyundo nzito pigo moja kali badala ya mapigo mengi madogo. Vipande vya graniti na kioo cha volkano, obsidiani ile inayopatikana karibu na Naivasha, hukata kama wembe. Kisha osha kwa brashi, anika, na andika namba kwa rangi nyeupe ya kucha kwenye upande wa zamani. Katika daftari andika namba, mahali lilipotoka na tarehe. Jiwe lisilo na mahali lilipotoka limepoteza nusu ya habari zake.

Kipindi cha kwanza: hakuna kutaja majina

Kila kundi lipange mawe yake katika mafungu kwa kigezo wanachokitaka wenyewe, halafu kundi lingine likisie kigezo hicho. Mara ya kwanza watapanga kwa rangi na uzito. Waache. Kisha waonyeshe mawe mawili meusi, basalti na makaa ya mawe, waone kwamba rangi imewadanganya. Hapo ndipo unapoleta maswali manne.

La kwanza: chembe zimeshikanaje? Kwa lenzi ya kukuza mara kumi, au kamera ya simu ikiwa imesogezwa karibu kwenye mwanga wa dirisha, chembe za graniti zinaonekana zimefumana, kila moja imejaza nafasi iliyoachwa na jirani yake. Chembe za jiwe la mchanga zimekaa kila moja peke yake na katikati kuna gundi. Sugua kwa msumari wa inchi 4 juu ya karatasi nyeupe: la mchanga litaacha punje, graniti haitaacha kitu. Tone la maji nalo husaidia. Kwenye graniti ngumu linakaa juu, kwenye tufu na jiwe la mchanga hunywewa.

La pili: kuna mistari au matabaka? Hapa wanafunzi huchanganya sana. Matabaka ya mashapo hutofautiana kwa ukubwa wa punje, na mara nyingi jiwe huachana kufuata tabaka. Mistari ya naisi ni madini yaliyojitenga, meusi na meupe, na fuwele zake zimefumana kama za graniti. Kwa hiyo swali la kwanza lijibiwe kabla ya hili.

La tatu: kuna matundu, na yana umbo gani? Matundu ya lava ni mapovu ya gesi, mviringo au yaliyovutika. Matundu ya matumbawe yana mpangilio, kama vyumba vidogo au nyota, na kando yake utaona vipande vya chaza na konokono.

La nne ni ugumu: kwaruza kwa ukucha, kisha waya wa shaba uliochunwa kutoka kwenye nyaya za umeme, kisha msumari, kisha jaribu kama jiwe lenyewe linakwaruza kipande nene cha kioo kilichowekwa mezani. Ukucha una ugumu wa karibu 2.5 kwenye kipimo cha Mohs, kinachopanga ugumu wa madini kutoka 1 hadi 10, shaba 3, kioo 5.5, na kwatzi iliyomo kwenye graniti 7. Waambie wafute mkwaruzo kwa kidole chenye mate. Mara nyingi msumari ndio uliochakaa ukaacha mstari wa chuma juu ya jiwe, na mstari huo unafutika.

Siki

Mawe yenye kalisi kaboneti, kama matumbawe, jiwe la chokaa na marumaru, hutoa mapovu ya kaboni dayoksaidi yakikutana na asidi. Maabara hutumia asidi ya hidrokloriki. Darasani siki nyeupe au maji ya ndimu yanatosha, mradi ukwangue unga kidogo kwa msumari na udondoshee hapo kwenye unga. Kwenye uso mzima wa marumaru siki ni dhaifu, na wanafunzi wataandika "hakuna kilichotokea."

Kosa la pili ni kinyume chake. Tufu na matofali yana vitundu vyenye hewa, na ukiyalowesha kwa kitu chochote hewa hutoka kama mapovu. Kwa hiyo kila jiwe lidondoshewe maji kwanza, pembeni, na siki baadaye. Mapovu yanayotoka kwenye maji si ya asidi. Zege nalo litachemka, kwa sababu ya saruji yake au kwa sababu kokoto zake ni za chokaa. Hapo ndipo mwongo wa kwanza anapokamatwa, au anapowakamata.

Mwanafunzi hodari atauliza kama kila linalochemka ni mashapo. Jibu ni hapana. Marumaru ni mwamba geu uliotokana na chokaa. Na Ol Doinyo Lengai, kaskazini mwa Tanzania, hutoa lava ya kaboneti yenye joto la nyuzi 500 hadi 600 tu, karibu nusu ya joto la lava ya basalti. Lava hiyo ya Lengai hutoka nyeusi na kugeuka nyeupe ikipata unyevu. Ni volkano pekee duniani inayojulikana kutoa lava ya aina hiyo katika zama zetu.

Tanuru la matofali

Kama kuna mchoma matofali karibu na shule, peleka darasa huko kabla ya jaribio lingine lolote. Kama haiwezekani, leta vipande vitatu: tofali bichi lililokauka kabisa, tofali lililoiva, na tofali la mdomoni mwa tanuru lililoungua kupita kiasi hadi likayeyuka upande mmoja. Hili la mwisho waashi hulikataa, kwa hiyo utapewa bure.

Vunja kipande cha ukubwa wa yai kutoka kwenye bichi na kingine kutoka kwenye lililoiva, uvitumbukize kwenye glasi mbili za maji. Bichi huanza kumomonyoka mbele ya macho na baada ya nusu saa ni rundo la tope. Lililoiva litakaa humo mwaka mzima. Udongo ni ule ule, wala haukuyeyuka, tofali bado lina pembe zake nne. Joto limebadilisha madini yake likiwa yabisi. Hilo ndilo wazo gumu kuliko yote katika mada hii, na hakuna mchoro wa ubaoni unaolifikisha kama glasi hizo mbili.

Sasa waonyeshe la tatu. Sehemu iliyokabili moto ina uso unaong'aa kama kioo, mweusi au wa kijani, wenye mapovu, na umbo la tofali limeanza kupotea. Pale udongo ulikuwa kimiminika, ukaganda. Waombe waweke kidole mahali mabadiliko yalipoishia na kuyeyuka kulipoanza. Ndio mpaka kati ya mwamba geu na mwamba mgando, nao wataukumbuka kwenye mtihani.

Jaribio likikataa, sababu huwa moja kati ya mbili. Tofali bichi lenye unyevu halimomonyoki upesi, likaushe juani siku mbili. Na tofali la kufungamana lenye saruji halitamomonyoka kabisa, hata kama halijapita motoni. Ueleze pia mahali mfano unapoishia: ndani ya tanuru hakuna mgandamizo, na jambo hilo linahitaji jaribio lake.

Udongo na punje za mchele

Kanda nusu kilo ya udongo wa mfinyanzi na vijiko vitatu vya mchele mkavu hadi punje zielekee kila upande. Tengeneza donge la kimo cha sentimeta 6, likunje ndani ya plastiki, liweke kati ya vibao viwili, na mwanafunzi akalie kibao cha juu polepole hadi libaki sentimeta 2. Kata kwa uzi mkavu kutoka juu kwenda chini. Punje nyingi zitakuwa zimelala upande mmoja, na mistari ile ndiyo inayoonekana kwenye naisi na kwenye shisti, mwamba geu mwingine.

Ukikata sambamba na kibao hutaona mpangilio wowote. Fanya hivyo makusudi kwenye nusu ya pili: mwanafunzi ajue kwamba hata naisi ina upande usioonyesha mistari. Udongo laini mno humwaga punje pembeni. Uwe mgumu kama wa kufinyanga chungu.

Fuwele kubwa, fuwele ndogo

Kwa nini graniti ina fuwele zinazoonekana kwa macho na basalti haina? Graniti iliganda kilomita kadhaa chini ya ardhi, polepole mno, na fuwele zikapata muda wa kukua. Lava hupoa hewani kwa siku au miaka michache. Obsidiani hupoa haraka kiasi kwamba fuwele hazijitokezi kabisa.

Tumia shabu, ile ya vinyozi, inayofanana na barafu. Unga mweupe wa kusafishia maji mara nyingi ni kemikali nyingine na hautoi fuwele nzuri. Ponda gramu 100, yeyusha katika mililita 250 za maji ya nyuzi 70 hivi, chuja kwa kitambaa, gawa glasi tatu. Ya kwanza iweke kwenye beseni la maji ya barafu ukiikoroga. Ya pili iache mezani. Ya tatu ifunike, izungushie blanketi, uifungie ndani ya kikapu. Kesho yake ya kwanza ina chembe kama sukari na ya tatu ina fuwele zenye pande bapa zinazopimika kwa rula.

Usijaribu kwa chumvi ya mezani. Uwezo wa maji kuyeyusha chumvi haubadiliki sana kati ya moto na baridi, kwa hiyo haitajitenga kwa kupoa. Glasi ikitikiswa au ikiingia vumbi, fuwele nyingi ndogo huanza kwa pamoja na tofauti inapotea. Na useme ukweli kwa darasa: hapa fuwele zinatoka kwenye maji, ilhali kwenye magma zinatoka kwenye mwamba ulioyeyuka. Kinachofanana ni uhusiano wa muda na ukubwa.

Wapo watakaotaka kuyeyusha jiwe kwenye jiko la mkaa. Kataa. Basalti huhitaji zaidi ya nyuzi 1,000, na jiwe lenye maji ndani, hasa la mtoni, linaweza kupasuka na kurusha vipande.

Mashapo

Jaribio la chupa linajulikana: kikombe cha kokoto ndogo, cha mchanga na cha udongo ndani ya chupa angavu ya lita moja na nusu, maji karibu ya kujaa, tikisa, tulia. Kokoto hushuka papo hapo, mchanga chini ya dakika moja, na udongo mwembamba unaweza kuelea hadi kesho. Andaa chupa ya pili na uongeze kijiko cha chumvi. Chembe za udongo zitashikamana na kushuka mapema. Hiyo ni sababu mojawapo inayofanya tope la Rufiji litulie linapokutana na maji ya bahari.

Tatizo ni kwamba walimu wengi huishia hapo, na mwanafunzi anaondoka akiamini mashapo yakibanwa tu yanakuwa jiwe. Chukua vikombe viwili vya plastiki vilivyopakwa mafuta ndani. Kimoja kijaze mchanga wenye unyevu, ushindilie kwa nguvu zote. Kingine vijiko 8 vya mchanga, 2 vya saruji na maji ya kulowanisha tu, na ubonyeze ganda la konokono juu. Saruji huunguza ngozi, vaa glovu. Nyunyizia cha saruji maji kila siku kwa siku tatu, kile kingine kianike, kisha vipindue. Mchanga mtupu unaanguka ukiwa mchanga. Ardhini gundi hiyo ni kalisi kaboneti, silika au kutu ya chuma inayoletwa na maji yanayopenya kati ya punje, na jiwe la mchanga lenye rangi nyekundu limepakwa hiyo ya tatu.

Kamba ya mita 46

Kila mita ni miaka milioni 100, kwa hiyo kamba nzima ni umri wa dunia, miaka bilioni 4.6. Itandaze uwanjani. Kutoka mwisho wa leo, graniti za eneo la Mwanza ziko zaidi ya mita 25 nyuma. Mgandamizo uliotengeneza naisi za Usambara na Uluguru uko karibu mita 6. Dinosaria wa Tendaguru, Lindi, ambao mifupa yao ilichimbwa kati ya 1909 na 1913 na kupelekwa Berlin, wako mita 1.5. Nyayo za mababu wa binadamu za Laetoli, kaskazini mwa Tanzania, zilizohifadhiwa kwenye majivu ya volkano, ni sentimeta 3.7 hivi. Kilimanjaro ilianza kujengeka sentimeta mbili na nusu nyuma. Dakika kumi na tano zinatosha.

Fikra za kung'oa

"Mawe hukua." Mtoto wa mkulima ameona kila msimu mawe mapya shambani. Mueleze mmomonyoko: udongo ndio unaoondoka. Vivyo hivyo mawe yaliyopandana ya Mwanza hayakurushwa na volkano. Mwamba mmoja ulipasuka kwa nyufa chini ya ardhi, pembe zikaliwa na maji, udongo ukachukuliwa na mvua, mabonge yakabaki.

"Jiwe la mviringo la mtoni ni mashapo." Umbo la nje linaeleza safari ya jiwe. Kundi lake liko ndani, kwenye uso mpya.

"Magma hutoka kwenye kiini cha dunia." Hutoka sehemu ya juu ya vazi la dunia, tabaka nene lililo kati ya kiini na gamba la nje, au kwenye gamba lenyewe, na vazi kwa sehemu kubwa ni yabisi.

Na ule mchoro wa mzunguko wa miamba wenye mishale mitatu inayofuatana umepotosha wengi. Mgando unaweza kumomonyoka, kugeuka au kuyeyuka tena. Mashapo humomonyoka yakawa mashapo mengine. Mwamba geu hugeuka mara ya pili. Chora makundi matatu na uwaachie wanafunzi wachore mishale, kila mshale ukiandikwa kitendo. Waliochora mishale tisa wameelewa. Mfano wa kuyeyusha kalamu za nta unapendwa kwa sababu una rangi, lakini unawafundisha kwamba kila badiliko ni kuyeyuka, na hilo litakugharimu kipindi kizima kulifuta.

Kupima

Mpe kila mwanafunzi jiwe asilowahi kuliona, lenzi, msumari na siki. Aandike alichokiona, alichojaribu, na anachohitimisha. Alama 8 kwa ushahidi, 2 kwa jina. "Ni mgando kwa sababu ni gumu" haina alama ya ushahidi, maana naisi pia ni ngumu. "Fuwele zimefumana, zina rangi tatu, hazina mistari, siki haikufanya kitu, linakwaruza kioo, kwa hiyo liliganda polepole chini ya ardhi" ina zote nane hata akisahau kuandika graniti. Weka tofali na zege humo humo. Anayeandika kwamba zege ni mashapo yaliyotengenezwa na binadamu mpe alama kamili.

Baadhi ya mawe mwalimu mwenyewe hatayatambua. Tufu ya Juja na jiwe la mchanga laini huwasumbua hata wenye uzoefu. Yaandikie "halijatambuliwa" na uyaweke na maelezo yake. Piga picha ya uso mpya ukiwa umelowa, sarafu pembeni ya kuonyesha ukubwa, na nyingine ya mahali lilipotoka, halafu uliza ofisi ya madini ya mkoa. Kwa Tanzania kuna pia Taasisi ya Jiolojia na Utafiti wa Madini iliyoko Dodoma. Jambo la kwanza watakalokuuliza ni mahali ulipoliokota.